Roboti zenye sura ya mtu: zimefikia wapi, na sisi tuangalie nini?

Mwishoni mwa Januari 2025, katika mkesha wa Mwaka Mpya wa Kichina, roboti 16 zilipanda jukwaani kwenye kipindi kikubwa cha televisheni ya taifa ya China. Zilikuwa zimevalishwa vizibao vya maua. Zikacheza ngoma ya jadi pamoja na wachezaji binadamu, zikipiga hatua kwa mdundo mmoja na kuzungusha vitambaa mikononi. Muda si mrefu video hiyo ikawa imezunguka dunia kwa njia ya simu. Nyingine nyingi za aina hiyo zimefuata: roboti inayopiga sarakasi, roboti yenye uso wa mwanamke inayokonyeza jicho, roboti inayojibu maswali kama mwalimu darasani.

Maswali yanayozuka baada ya kutazama video hizo ni yaleyale kila mahali. Je, mashine hizi zimekuwa kama sisi? Zina akili? Zitachukua kazi zetu? Na je, tuziogope?

Jibu linategemea unaangalia kiungo gani. Uso wa roboti umefika mbali. Kinywa kimefika mbali zaidi, tena ndani ya miaka michache tu. Mikono bado iko nyuma sana. Tatizo ni kwamba sisi binadamu, tukiona uso unaotabasamu na kusikia sauti inayojibu, yale yaliyobaki tunayajaza wenyewe. Tunadhani nyuma ya uso ule kuna mtu. Katika makala hii tunaeleza kila kiungo kimefikia wapi, nani hasa yuko nyuma ya mashine hizi, na hatari gani inaweza kumfikia mtu wa kijijini kabla hajaona roboti yoyote kwa macho yake.

Neno "roboti" limetoka wapi?

Neno hili lina umri wa miaka zaidi ya 100. Lilitoka kwa Karel Čapek, mwandishi wa nchi ambayo leo inaitwa Jamhuri ya Cheki. Tamthilia yake iliyoitwa R.U.R. ilichapishwa mwaka 1920 na kuonyeshwa jijini Prague mwaka uliofuata. Ilihusu wafanyakazi waliotengenezwa kiwandani, ambao baadaye waliwaasi mabwana zao. Kwa lugha ya Kicheki, "robota" ni kazi ya kulazimishwa, ile ambayo wazee wetu wa Pwani waliiita shokoa.

Kwa hiyo tangu mwanzo neno lenyewe lilibeba mambo mawili: tamaa ya kupata mtumishi asiyechoka wala kudai mshahara, na hofu kwamba mtumishi huyo siku moja atageuka.

Roboti halisi ya kwanza ya kiwandani ilianza kazi mwaka 1961 katika kiwanda cha magari cha General Motors, jimbo la New Jersey nchini Marekani. Iliitwa Unimate. Haikuwa na kichwa wala miguu. Ilikuwa mkono mmoja mkubwa wa chuma uliofungwa sakafuni, na kazi yake ilikuwa kutoa vyuma vya moto kwenye mashine, kazi iliyokuwa ikiwaunguza wafanyakazi. Leo viwanda duniani vina roboti zaidi ya milioni 4, na karibu zote ni mikono ya namna hiyo. Hazizungumzi wala hazitabasamu, na hakuna anayezirekodi ili awatumie rafiki zake.

Uso: uzuri wa mkakasi

Roboti iliyojulikana zaidi kwa sura yake ni Sophia, iliyotengenezwa na kampuni ya Hanson Robotics ya Hong Kong na kuwashwa kwa mara ya kwanza mwaka 2016. Uso wake ni wa mpira laini maalumu, na chini yake kuna mota ndogondogo zinazovuta ngozi ili iweze kutabasamu, kununa au kushangaa. Oktoba 2017, katika mkutano wa wawekezaji jijini Riyadh, ilitangazwa kwamba Saudi Arabia imeipa Sophia uraia. Watu wengi waliuliza uraia huo una maana gani, hasa kwa kuwa wakati huo wanawake wa nchi hiyo walikuwa bado hawaruhusiwi kuendesha gari. Ruhusa yao ilianza Juni 2018.

Sophia imefika pia katika ukanda wetu. Mwaka 2018 ilipelekwa Ethiopia, ambako wataalamu wa kampuni ya iCog Labs ya Addis Ababa walikuwa wameshiriki kutengeneza sehemu ya programu zake. Safari hiyo ilikuwa na kisa chake: mfuko mmoja uliobeba baadhi ya vipande vya roboti hiyo ulipotea kwenye uwanja wa ndege wa Frankfurt, Ujerumani. Mwaka 2019 ilikuwa Kigali, Rwanda, kwenye mkutano mkubwa wa teknolojia wa Afrika, ikiwa imevalishwa vazi la heshima la wanawake wa Rwanda.

Kisa cha mfuko uliopotea kinafundisha kuliko hotuba za roboti yenyewe. Raia huyu husafirishwa kama mzigo, hufungwa na kufunguliwa kwa bisibisi, na mengi ya maneno yake yaliandaliwa na watu. Wahenga walisema: uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti.

Roboti nyingine yenye uso wa ajabu ni Ameca, ya kampuni ya Engineered Arts ya Uingereza, iliyoonyeshwa mwishoni mwa mwaka 2021. Hufungua macho kama mtu anayeamka usingizini, hushangaa, hutazama vidole vyake. Ngozi yake ni ya kijivu, ili isijifanye mtu. Lakini Ameca haitembei. Uso ukiwa unacheza namna ile, miguu imesimama tu.

Mwaka 1970 profesa Masahiro Mori wa Japani alieleza jambo ambalo wengi wetu tumelihisi bila kulipa jina. Alisema mashine ikianza kufanana na mtu, tunaipenda. Ikizidi kufanana, tunazidi kuipenda. Lakini ikikaribia kabisa kuwa kama mtu na ikabaki kasoro ndogo, kwa mfano macho yanayokawia kugeuka au mdomo usioendana na sauti, mapenzi hugeuka ghafla kuwa woga, kama mtu aliyeona maiti ikisogea. Ukitazama video ya roboti na nywele zikakusimama, usijione mshamba. Jicho lako limegundua kasoro.

Kinywa: inajuaje la kusema?

Hapa ndipo mabadiliko makubwa yametokea. Novemba 2022 kampuni ya OpenAI ya Marekani ilifungulia umma programu yake ya ChatGPT. Tangu hapo mtu mwenye simu na bando anaweza kuuliza swali kwa lugha ya kawaida, Kiswahili kikiwemo, na kupata jibu lenye mpangilio. Huu ndio ujuzi ambao Tanzania tumezoea kuuita akili mnemba, na wengine huuita akili bandia. Waliotengeneza Ameca waliiunganisha na programu ya namna hiyo, na ghafla uso ule ukapata maneno yake wenyewe.

Programu hizi hufanyaje kazi? Tukikwambia "haraka haraka haina...", kichwani mwako neno "baraka" limeshakuja kabla hatujamaliza. Umelijua kwa sababu umelisikia mara nyingi likifuata maneno hayo. Programu hizi zimesomeshwa maandishi mengi kuliko yale ambayo mtu angeyamaliza katika maisha mengi: vitabu, magazeti, mazungumzo ya mtandaoni. Kazi yake ya msingi ni kukadiria neno linalofaa kufuata, kisha jingine, kisha jingine, mpaka jibu likamilike. Zimefanya hivyo kwa wingi na ustadi kiasi kwamba zinaweza kueleza, kufupisha, kutafsiri, hata kutatua hesabu. Huu si mchezo mdogo, na wataalamu wenyewe wanabishana kama tuuite kufikiri au la.

Lakini namna hiyo ya kufanya kazi ina udhaifu wake. Programu inapokosa jibu sahihi, mara nyingi hutoa jibu linalofanana na sahihi, tena kwa sauti ileile ya uhakika. Anayeuliza habari za mpira akidanganywa, hasara ni ndogo. Anayeuliza achanganye dawa ya mahindi kiasi gani kwenye bomba la lita 20, au mtoto wa miaka miwili apewe vidonge vingapi, hasara inaweza kuwa shamba lililoungua au mtoto mgonjwa zaidi. Maelezo ya kipimo yasomwe kwenye lebo ya dawa, au aulizwe afisa ugani na mhudumu wa afya.

Mazoea yetu ya kuiamini mashine inayoongea ni ya zamani. Mwaka 1966 Joseph Weizenbaum, mtaalamu wa kompyuta katika chuo cha MIT nchini Marekani, alitengeneza programu ndogo iitwayo ELIZA. Ilichokifanya ni kumrudishia mtu maneno yake kwa njia ya swali. Ukiandika "nina huzuni", inakuuliza kwa nini una huzuni. Weizenbaum alishangaa siku katibu wake, aliyekuwa amemwona akiitengeneza programu hiyo kwa miezi, alipomwomba atoke chumbani ili aongee nayo faraghani. Kama programu ile ndogo iliweza kumfanya mtu aone aibu, tusishangae hizi za leo zikiwafanya watu wapende, wachukie au waamini.

Miguu: mbio za Beijing

Tuje kwenye mwili. Tarehe 19 Aprili 2025, jijini Beijing, roboti 21 zenye miguu miwili zilishindana katika mbio za nusu marathoni, kilomita 21, kandokando ya maelfu ya wakimbiaji binadamu waliokuwa kwenye njia yao. Moja ilianguka mwanzoni kabisa. Nyingine zilizima, zikapoteza mwelekeo au kuvunjika. Sita tu ndizo zilizofika mwisho.

Iliyoshinda, inayoitwa Tiangong Ultra, ilitumia saa 2, dakika 40. Ilibadilishiwa betri mara tatu njiani na kuanguka mara moja. Mbele yake alikimbia mtu aliyebeba kifaa cha ishara mgongoni ili roboti imfuate. Kwa kulinganisha, mwaka 2021 jijini Lisbon, Mganda Jacob Kiplimo alimaliza umbali huohuo kwa dakika 57 na sekunde 31, bila kubadilishiwa chochote.

Hata hivyo tusicheke sana. Miaka kumi kabla, Juni 2015, roboti bora za wakati huo zilishindanishwa huko Pomona, California, kwa kazi kama kufungua mlango, kuzungusha valvu na kupanda ngazi. Nyingi zilianguka chini kama magunia zikijaribu tu kufungua mlango. Miaka miwili baadaye, Novemba 2017, roboti iitwayo Atlas ya kampuni ya Boston Dynamics ilipiga sarakasi ya kurudi nyuma ikatua kwa miguu. Kutoka kuanguka mlangoni hadi kukimbia kilomita 21 ndani ya miaka kumi ni mwendo mkubwa.

Bei nazo zimeshuka. Mwaka 2024 kampuni ya Unitree ya China ilitangaza roboti ya umbo la mtu kwa dola 16,000 za Marekani, na Julai 2025 ikatangaza nyingine ndogo kwa dola 5,900. Ila ukinunua ile ya dola 16,000 ujue betri yake hudumu takriban saa mbili. Mtu aliyekula kiporo na chai hulima tangu alfajiri hadi jua la utosi.

Mikono: kazi rahisi ndizo ngumu

Mwaka 1988 mtaalamu wa roboti Hans Moravec aliandika jambo lililowashangaza wengi: ni rahisi kuifanya kompyuta ifaulu mtihani wa watu wazima, lakini ni vigumu sana kuipa uwezo wa mtoto wa mwaka mmoja wa kuona na kushika vitu.

Ushahidi upo. Mwaka 1997 kompyuta ya IBM iitwayo Deep Blue ilimshinda bingwa wa dunia wa mchezo wa sataranji, Garry Kasparov. Machi 2016 programu ya AlphaGo ilimshinda bingwa wa Korea Kusini, Lee Sedol, kwa michezo minne dhidi ya mmoja katika mchezo wa Go, ambao ni mgumu zaidi. Lakini mbele ya Lee Sedol alikaa mtu aliyetazama skrini na kuziweka kete kwa niaba ya programu. Mashine ilimshinda bingwa wa dunia, na kete zake zikawekwa na mkono wa binadamu.

Kwa nini mkono ni mgumu hivyo? Mkono wa mtu una mifupa 27, na ngozi yake huhisi joto, ubichi, uzito na utelezi kwa wakati mmoja. Mchuma kahawa hutazama tawi, huchagua tunda jekundu, huacha la kijani, na huvuta kwa nguvu inayotosha bila kuvunja tawi. Mama anayepeta mchele hutofautisha punje na kijiwe kwa kutikisa ungo. Mchuma karafuu wa Pemba hufanya yote hayo akiwa amejishikiza juu ya mti. Kazi hizi tunaziita za kawaida kwa sababu tulizijifunza utotoni na miili yetu ikazizoea. Kwa roboti, kila tawi ni geni, kila upepo ni hesabu mpya.

Ndiyo maana wanaojifunza kuogopa roboti wanapaswa kujua ni kazi zipi ziko karibu na mstari wa mbele. Programu zinazosoma na kuandika zinagusa kwanza kazi za mezani: kutafsiri, kujibu simu za wateja, kuandika ripoti. Mzazi anayeuza ng'ombe ili mwanawe asome kazi ya ofisini ana sababu ya kuuliza kazi hiyo itakuwaje miaka kumi ijayo. Fundi seremala, mkunga na mchuma chai wa kuchagua majani wana muda zaidi, ingawa si milele, na ingawa kazi ambayo shamba limenyooka na mazao yanafanana huweza kufanywa na mashine isiyo na akili yoyote. Jembe la mkono lilianza kuachwa kwa ajili ya trekta zamani sana, na trekta haikuhitaji uso.

Ukiona vyaelea, jua vimeundwa

Mwaka 1770, jijini Vienna, Wolfgang von Kempelen alimwonyesha malkia mashine iliyocheza sataranji: sanamu ya mtu mwenye kilemba, ameketi nyuma ya sanduku. Mashine hiyo ilitembezwa Ulaya na Marekani kwa miongo mingi na kuwashinda wengi. Hata Napoleon alicheza nayo mwaka 1809. Siri yake ilikuwa rahisi. Ndani ya sanduku alijificha mchezaji hodari.

Sanduku lile halijaisha. Agosti 2021, kampuni ya Tesla ilipotangaza mpango wake wa roboti, aliyepanda jukwaani kucheza alikuwa mtu aliyevaa nguo za roboti, na walieleza hivyo. Oktoba 2024 roboti zake zilihudumia vinywaji na kupiga soga na wageni kwenye tamasha huko California. Baadaye ilijulikana kwamba kwa sehemu kubwa zilikuwa zikisaidiwa na watu waliokuwa wakiziendesha na kuzisemea kwa mbali. Oktoba 2025 kampuni ya 1X ilianza kupokea maagizo ya roboti ya kazi za nyumbani iitwayo NEO, kwa dola 20,000. Kampuni yenyewe ilisema kwamba kwa kazi ambazo roboti haijajifunza, mfanyakazi wake aliye mbali anaweza kuiongoza, akiona kupitia macho yake. Maana yake mwenye nyumba anaruhusu macho ya mtu asiyemjua yaingie jikoni kwake.

Na hata pale ambapo hakuna mtu aliyejificha leo, walikuwepo watu jana. Januari 2023 jarida la Time la Marekani liliripoti kwamba wafanyakazi jijini Nairobi walilipwa kati ya dola 1.32 na dola 2 kwa saa, kusoma na kuweka alama kwenye maandishi ya ukatili na unyanyasaji, ili ChatGPT ijifunze kuepuka lugha hiyo. Baadhi yao walisema kazi ile iliwaumiza akili. Vijana wengine wa Kenya na Uganda wamefanya kazi ya kuchora mipaka ya picha ili kompyuta ijue huyu ni mtu, hili ni gari, huu ni mti. Sehemu ya akili tunayoistaajabu imejengwa na vijana wa huku kwetu, kwa ujira ambao hauonekani kwenye video. Ukiona vyaelea, jua vimeundwa.

Zenye manufaa mara nyingi hazina sura

Mashine zilizobadilisha maisha ya watu wa vijijini hazifanani na mtu. Tangu mwaka 1992, Uholanzi imekuwa na roboti za kukamua ng'ombe. Ng'ombe huingia mwenyewe kwenye kibanda kwa kufuata chakula, kompyuta humtambua kwa kifaa alichovalishwa, mkono wa chuma husafisha chuchu na kuunganisha mirija. Mfugaji halazimiki tena kuamka saa kumi alfajiri kila siku. Kwa upande mwingine, mkamuaji aliyeajiriwa hana kazi hiyo tena.

Hapa jirani, Rwanda ilianza Oktoba 2016 kutumia ndege ndogo zisizo na rubani za kampuni ya Zipline kupeleka damu hospitalini kutoka kituo cha Muhanga. Ndege huruka yenyewe juu ya milima, hudondosha kifurushi kwa mwavuli, kisha hurudi. Kwa mama anayevuja damu baada ya kujifungua, dakika zilizookolewa ni uhai.

Wakati mwingine umbo la mtu lina sababu. Jijini Kinshasa, mwaka 2013, mhandisi Thérèse Izay Kirongozi na wenzake waliweka barabarani roboti kubwa za kuongoza magari zinazotumia umeme wa jua. Zina mikono inayoinuka na taa nyekundu na kijani, na dereva huelewa mara moja, maana ishara hizo ni zilezile za trafiki. Kigali nayo, Mei 2020 wakati wa janga la korona, ilipokea roboti tano zilizopewa majina ya Kinyarwanda, zipime joto na kupunguza safari za wauguzi kwenda kitandani kwa wagonjwa. Hakuna aliyedai kwamba roboti hizo zina roho. Zilipewa kazi moja na zikapimwa kwa kazi hiyo.

Kuhusu swali kama roboti zinahisi maumivu, upendo au woga, hakuna ushahidi kwamba iliyopo leo inahisi hivyo. Programu inaweza kuandika "nasikitika" kwa sababu neno hilo linafaa pale. Mtoto anayelia njaa ana tumbo. Mashine inayosema ina njaa haina.

Hatari inayofika kijijini kwanza

Inawezekana roboti yenye miguu isikanyage kijijini kwenu kwa miaka mingi. Lakini kinywa chake kinaweza kuingia leo, kupitia simu. Programu za sasa zinaweza kujifunza sauti ya mtu kutokana na kipande kifupi alichorekodi, kisha zikasema maneno ambayo hakuyasema. Mwanzoni mwa mwaka 2024 ilijulikana kwamba mfanyakazi wa kampuni moja huko Hong Kong alituma takriban dola milioni 25 baada ya kikao cha video. Aliowaona na kuwasikia kwenye skrini, akiwemo bosi wake wa fedha, walikuwa wametengenezwa kwa kompyuta.

Kwetu tumeshazoea ujumbe wa "ile hela tuma kwenye namba hii". Ujumbe huo wengi wanautambua na kuupuuza. Itakuwaje siku utakapokuja kwa sauti ya mwanao aliye mjini, akilia, akisema amepata ajali? Au sauti ya kiongozi mnayemheshimu ikihimiza jambo wakati wa uchaguzi?

Tunashauri mambo haya, na hayahitaji utaalamu:

- Ukipigiwa simu ya dharura ya kuomba pesa, kata. Piga wewe mwenyewe kwenye namba ya siku zote ya mtu huyo, au mpigie anayeishi naye.
- Kubalianeni kifamilia neno moja la siri. Anayeomba msaada wa haraka aulizwe neno hilo. Lisiandikwe kwenye kundi la WhatsApp.
- Usimpe mtu namba ya siri ya akaunti yako ya simu, hata sauti iwe ya nani.
- Ukiona video ya kiongozi akisema jambo zito, subiri kuona kama vyombo vya habari unavyovifahamu vimeitangaza kabla hujaisambaza.
- Waambie wazee. Wao ndio huamini sauti ya mjukuu haraka zaidi.

Na kwa video za roboti zenyewe, kuna maswali manne ya kuuliza kabla ya kushangaa au kuogopa. Nani anaiendesha: yenyewe, au mtu aliye pembeni na kifaa mkononi? Ilijaribu mara ngapi kabla ya kurekodiwa hii iliyofaulu? Je, ingeweza kufanya hivyo mahali pasipo sakafu laini, penye matope na kuku wanaopita? Na nani anauza nini?

Maswali hayo hayazuii maendeleo. Mashine zinazidi kuwa hodari, na baadhi ya mambo tuliyoandika hapa kuhusu mikono yao yatabadilika. Watoto walio shule ya msingi leo watafanya kazi pamoja nazo, na wana haki ya kufundishwa zinavyofanya kazi mapema, kama tunavyofundishana kutumia simu. Lakini hata mikono ikija kuwa hodari kama kinywa, bado tutahitaji kuuliza mashine hii inafanya kazi gani, kwa faida ya nani, na ikikosea nani atawajibika. Uso wake hautajibu hayo. Watajibu watu walioitengeneza na walioileta, na hao ndio wa kuulizwa.